Pacha wa Kwenye Faili

Binti huyu alikuwa na majina mawili kabla hajaota jino la kwanza, na kosa halikuwa lake. Kwa Washambaa waliomzaa, upande wa baba humpa mtoto jina, na upande wa mama nao humpa la kwao, kisha kila upande hutumia la kwake kana kwamba lile jingine halijawahi kutamkwa duniani. Upande wa baba, huko juu njia ya Irente, walimpa jina la bibi yake mzaa baba, Sabra. Upande wa mama, kule Soni, walimwita Latifa. Mama yake mzazi hakuwahi kumwita Sabra hata mara moja, na haikuwa kwa chuki. Sabra ni jina la mama mkwe wake, na mwanamke aliyefundwa hamtaji mkwe wake kwa jina, hata kama jina hilo limebandikwa juu ya mtoto aliyemzaa kwa uchungu wake mwenyewe.

Shuleni waliondoa utata kwa kumpa jina la tatu. Katika shule yao ya bweni ya wasichana, juu ya mji wa Lushoto, alikuwa kidato cha pili na alijulikana kwa jina la Kengele, tangu asubuhi ile ya mtihani wa hesabu ambapo kengele ya shule ilitoweka na kuja kupatikana siku ya tatu, ikiwa imelala kwa amani ndani ya pipa la unga wa uji. Kamati ya nidhamu ilifanya uchunguzi wa kina na haikumpata mhusika. Wanafunzi mia nne walimjua. Basi na hapa ataitwa Kengele, ili haki itendeke kwa pande zote mbili.

Ndoa ya wazazi wake ilikufa mwezi wa pili, kwa talaka. Baba, Bwana Kassimu, alikuwa mkulima wa karoti na hoho, mtu wa maneno machache ambayo yote yalikuwa ya mwisho. Mama, Bi Zakia, alikuwa fundi cherehani wa kushona sare za shule, mtu wa maneno mengi ambayo hakuna hata moja lililokuwa la mwisho. Walikuwa wameishi pamoja miaka kumi na sita, na walipoulizwa ni nini hasa kilichowaachanisha, kila mmoja alikuwa na maelezo kamili, yenye tarehe na mashahidi, na maelezo ya huyu hayakugusana popote na ya yule.

Kengele hakuomba warudiane. Alikuwa na umri wa miaka kumi na minne na alishawasikia wakigombana kupitia ukuta wa fito na udongo, ukuta ambao hauzuii kitu. Alichotaka ni kimoja tu: asigeuzwe mgeni popote. Alikuwa amemwona Rahabu, wa kitanda cha pili bwenini. Wazazi wa Rahabu walipoachana alipewa mama, na tangu hapo kila akienda kwa baba yake hukaribishwa sebuleni, huletewa soda kwenye trei, huulizwa kama ameshiba, na hukatazwa kuosha vyombo. Rahabu alikuwa analia kwa sababu ya kukatazwa kuosha vyombo. Bweni zima lilimcheka, isipokuwa Kengele, ambaye usiku ule hakupata hata mzaha mmoja.

Shauri la nani akae na mtoto likafika kwenye ofisi moja ya ustawi wa jamii huko huko milimani. Afisa wake, Bwana Mika, alikuwa na miezi mitatu tu tangu ahamishwe kutoka upande wa ziwa. Alivaa makoti mawili kwa mpigo, alisema Kiswahili kizuri, hakujua neno la Kishambaa, na alikuwa na sifa ambayo ni nadra kwa watumishi: alisikiliza kwa makini na kuandika kila alichokisikia. Madhara yote yaliyofuata yalitokana na sifa hiyo.

Mara ya kwanza aliwaita wazazi pamoja, na katika kikao hicho meza ya ofisi ilipoteza mguu. Kuanzia hapo akawaita kwa zamu. Jumatatu akaja Bwana Kassimu. Aliulizwa jina la mtoto, akajibu Sabra. Aliulizwa umri, shule na tarehe ya kuzaliwa, vyote vikaandikwa, na faili likafunguliwa. Jumatano akaja Bi Zakia. Akajitambulisha kama Mama Latifa, kama Soni nzima inavyomwita. Bwana Mika akatazama karatasi zake za Jumatatu, akatazama za Jumatano, akauliza kwa upole.

"Na Sabra je, mama?"

Bi Zakia akainamisha uso. "Huyo simtaji."

"Humtaji kwa nini?"

"Si heshima."

Bwana Mika akaandika: *Mama ana kinyongo kizito na mtoto Sabra. Kumtaja jina tu anaona ni kujivunjia heshima.* Kisha akafungua faili la pili. Alhamisi, kwa kuwa alikuwa mtu wa haki, akampigia simu baba ili naye ajieleze kuhusu Latifa. Bwana Kassimu alikuwa shambani akifunga hoho kwenye magunia, upepo ukivuma, na jibu lake lilikuwa fupi kama majibu yake mengine yote. Kwake hapakuwa na mtu wa jina hilo. Bwana Mika akaandika: *Baba amemkana mtoto Latifa kwa njia ya simu, bila kusita.*

Jioni ile alikaa na mafaili mawili mbele yake na moyo mzito. Watoto wawili wa kike. Shule moja, kidato kimoja, na alipolinganisha tarehe za kuzaliwa alikuta ni siku moja. Akavua miwani. Mapacha, na kila mmoja amekataliwa na mzazi mmoja. Katika miaka tisa ya kazi hakuwahi kuona unyama wa namna ile, lakini pia hakuwahi kupata shauri lililojiamua lenyewe namna ile. Makubaliano yakapigwa chapa nakala mbili, kila mzazi akapelekewa yake kusaini, na wote wawili wakasaini siku ile ile. Yalisema hivi: mtoto Sabra ataishi na baba yake, mtoto Latifa ataishi na mama yake, kila mzazi atakuwa na haki ya kumwona mtoto aliye kwa mwenzake Jumamosi mbili kwa mwezi wakati wa likizo, na, ili kulinda undugu wao, mapacha hawa watakutanishwa mara moja kila baada ya miezi sita mbele ya afisa.

Mtu ataona ajabu kwamba wazazi hawakushtuka. Hawakushtuka kwa sababu kila mmoja alijua ameshinda. Bwana Kassimu alisoma mpaka kwenye jina la Sabra, akatabasamu kwa mara ya kwanza tangu mwezi wa pili, na alipofika kwenye Latifa akaona hiyo ni hekima ya serikali ya kumfariji mwanamke. "Mama yako kapewa jina," alimwambia bintiye. "Mimi nimepewa mtu." Bi Zakia naye alisoma, akakunja barua, akaiweka ndani ya droo ya cherehani pamoja na bobini, na alichosema kilikuwa kile kile, isipokuwa kilichukua nusu saa. Hilo neno la mapacha wote wawili waliliona, na wote wawili walilichukulia kuwa ni lugha ya ofisi.

Kengele peke yake ndiye aliyesoma nakala zote mbili. Alizichomoa kimya kimya, moja kila nyumba, akazisoma chooni, bwenini, akiwa na rafiki yake Hidaya aliyemshikia tochi, na walipofika kwenye kifungu cha nne Hidaya ilibidi ajizibe mdomo kwa khanga. Kwa mujibu wa karatasi yenye muhuri, Kengele alikuwa watu wawili. Alikuwa na haki ya kuonana na nafsi yake mara mbili kwa mwaka, chini ya usimamizi.

Hidaya alisema waende wakamweleze yule afisa. Kengele alifikiri kidogo, akasema hapana. Kosa likisahihishwa atabaki mtoto mmoja, na mtoto mmoja lazima apewe mzazi mmoja. Huyo mwingine ataanza kununua soda. Kengele akazikunja nakala zote mbili, akazificha ndani ya soksi, na kwa mara ya kwanza katika historia ya maisha yake akaamua kunyamaza kimya.

Na kwa muda mambo yalikwenda vizuri kuliko alivyotarajia, kwa sababu mtu aliyeshinda huwa mkarimu. Likizo ya Juni alianzia kwa baba. Wiki ya kwanza haijaisha, Bwana Kassimu akamtazama akichambua karoti, akamwonea huruma mwanamke yule wa Soni asiye na chochote isipokuwa jina, akasema aende akamwone mama yake, akae hata siku kumi. Kule Soni Bi Zakia alimpokea, akamweka kwenye vifungo vya mashati ya wanafunzi, na baada ya siku chache huruma ikamwingia naye. Aende tu akamsaidie baba yake, masikini, mtu kaachiwa jina tupu na hoho zake. Hakuna aliyehesabu Jumamosi. Kengele alipanda na kushuka mlima kwa bodaboda, huku akiitwa Sabra, kule akiitwa Latifa, na pote aliosha vyombo.

Alirudi shuleni amenenepa na mwenye majivuno. Alimwambia Hidaya kwamba wazazi wakiachana kinachotakiwa si upendo wala busara, ni afisa kutoka mkoa wa mbali.

Kisha ikaja Jumapili ya kutembelewa, mwezi wa nane.

Siku hiyo shuleni hupikwa kidogo, kwa kuwa inajulikana kila mtu atakula cha nyumbani. Kuanzia saa nne wazazi hupanda kilima na mahotipoti na vikapu, hutandika khanga kwenye nyasi chini ya uwanja wa mpira wa pete, na kila familia inageuka kuwa nchi ndogo yenye mipaka. Kengele alikuwa amepiga pasi sare na kuchagua mahali pazuri, penye jua, kwa sababu ukungu ulikuwa bado unaning'inia. Alikuwa anajiuliza tu ni nani kati yao atakayefika, na kama watafika wote, atawakalishaje.

Saa sita hakuna aliyefika. Saa saba hakuna. Alikwenda kwa matroni kuomba simu, akampigia baba. Bwana Kassimu alisema kwa sauti ya mtu aliyetenda jambo jema kwamba Jumapili hii amemwachia mama yake, kwa kuwa yeye tayari ana mtoto na si vizuri kumbana mwenzake. Akampigia mama. Bi Zakia alisema, kwa maneno mengi zaidi, kwamba amemwachia baba. Kila mmoja aliuliza kama mwenzake ameshafika. Kengele, ambaye angeweza kumdanganya mwalimu wa zamu akiwa amefumba macho, alimjibu kila mmoja kwamba ndiyo, amefika, wanakula.

Alirudisha simu, akaenda kukaa kwenye khanga ya kina Hidaya. Mama yake Hidaya alimjazia pilau sahani mpaka ikafurika, akamwambia ale mwanangu, ajisikie yuko nyumbani, kisha akamuuliza kama ameshiba. Alimuuliza mara tatu. Alipoinuka kukusanya sahani, wakamwambia aache tu, yeye ni mgeni.

Jioni Hidaya alisubiri mzaha. Hakuusikia. Badala yake Kengele aliuliza, akiwa amelala chali akitazama mbao za kitanda cha juu, kama inawezekana watu wawili wakaachiana kitu mpaka kikaanguka chini. Hidaya alisema hajui, yeye fizikia inamshinda.

Wiki ya pili ya Septemba, mkuu wa shule alipokea barua ya ofisi ya ustawi. Ilimwomba awape ruhusa mapacha Sabra na Latifa Kassimu, Jumamosi, saa tatu asubuhi, kwa ajili ya kukutanishwa. Mkuu wa shule, mwanamke mwenye shughuli nyingi, alimwita Kengele akamuuliza huyu Latifa yuko mkondo gani. Kengele alijibu kwa heshima zote kwamba hili ni jambo la kifamilia, tena ni la majonzi. Mkuu wa shule hakuchimba zaidi. Akasaini ruhusa ya watu wawili.

Hapo Hidaya akajitolea. Alikuwa mrefu kuliko Kengele kwa kichwa kizima na alikuwa na mwanya, ila alisema mapacha wasiofanana wapo, amesoma kwenye biolojia. Walifanya mazoezi siku nne. Hidaya alijifunza tarehe ya kuzaliwa, jina la bibi, rangi ya mlango wa Soni. Mpango ulikuwa mwepesi: wakutanishwe, washikane mikono, afisa apige muhuri, na kosa liendelee kuishi miezi sita mingine. Sehemu pekee ambayo Kengele hakuipangia ni ile ambayo barua haikuitaja: kwamba wazazi nao walikuwa wameitwa, saa nne.

Bwana Mika aliwapokea kwa furaha ya dhati. Alikuwa amevaa koti moja tu, hali ya hewa ilishaanza kumkubali. Walimwamkia shikamoo, akaitikia, akawakalisha kwenye benchi, akawatazama kwa muda mrefu, akasema damu haijifichi, wamefanana sana hasa macho. Hidaya aliinamia viatu vyake.

Aliwaambia wakumbatiane. Wakakumbatiana. Akaandika. Akawaambia waambiane neno la kindugu. Hidaya akamwambia Kengele kwamba amemkumbuka sana, na Kengele, ambaye alikuwa ametoka kugombana naye asubuhi ile juu ya sabuni, akasema na yeye pia. Akaandika. Mambo yalikuwa yanakwenda kama kwenye mazoezi. Kisha Bwana Mika akaweka kalamu chini, akashusha sauti, na akawa mwema, na huo wema wake ndio ulioharibu kila kitu.

"Nataka mjue kwamba hamna kosa," alisema. "Wewe Sabra, mama yako alipokaa hapo ulipokaa, hata jina lako alikataa kulitaja. Na wewe Latifa, baba yako alisema kwake hakuna mtu wa jina hilo. Mambo haya yanauma. Ila ofisi ipo pamoja nanyi."

Kengele alijua maana ya yote mawili. Alijua adabu ya mkwe, aliijua tangu akiwa mgongoni. Alijua baba yake huita kila kitu kwa jina moja na hana nafasi ya la pili. Lakini alikuwa hajawahi kuyasikia yakisomwa hivyo, moja baada ya jingine, kwa sauti ya huruma, na mtu aliyeandika kila alichosikia. Mama hakumtaja. Baba alisema hayupo. Ghafla akaona kwamba aliyekaa kwenye khanga ya watu mwezi wa nane ndiye huyo huyo aliye kwenye mafaili, na kwamba mafaili hayakukosea sana.

Alikuwa bado anatazama ukutani wakati mlango ulipofunguliwa. Bi Zakia aliingia kwanza, akiwa anaendelea na sentensi aliyoianzia nje. Bwana Kassimu akafuata, akiwa hana sentensi. Hidaya akakumbuka papo hapo kwamba ana nguo za kufua, akaamkia watu wote kwa mpigo, akatoka.

"Latifa anakwenda wapi?" akauliza Bwana Mika.

"Latifa huyu hapa," akasema Bi Zakia.

Bwana Mika alisema hapana, huyo ni Sabra. Bwana Kassimu akasema bila shaka ni Sabra, kwani kuna nani mwingine. Afisa, akiamini mchanganyiko umeletwa na hisia, akawaomba wazazi jambo rahisi: kila mmoja akasimame karibu na mtoto wake. Bwana Kassimu akaenda akasimama upande wa kulia wa Kengele. Bi Zakia akasimama upande wa kushoto. Bwana Mika akangoja. Akachungulia nyuma ya mlango. Akarudi.

"Na mwenzake?"

Ilikuwa zamu ya Kengele, na hakuwa na pa kukimbilia.

"Sote tumefika," alisema.

Ilichukua kama robo saa. Kengele alieleza majina, akaeleza ukwe, akaeleza kwa nini mama yake asingeweza kulitaja jina lile hata angeshikiwa panga, na Bi Zakia alitikisa kichwa kukubali huku ameangalia dirishani, kwa sababu hata kulisikia mbele ya mtu mzima kulimpa aibu. Bwana Mika alikaa. Akafungua faili la kwanza, akafungua la pili, akayafunga yote mawili. Akasema, zaidi kwa nafsi yake, kwamba mapacha wameshakwenda kwenye ripoti ya robo mwaka, na kwamba kuna fomu ya kufunga faili la mtoto, yenye visanduku vinne: amefikisha miaka kumi na minane, amehama wilaya, ameolewa, amefariki. Akaisoma fomu ile mara mbili. Hapakuwa na kisanduku cha mtoto ambaye ni yule mwingine.

"Faili moja lifungwe," hatimaye alisema. "Tutafute utaratibu. Lakini moja lifungwe, na atakayebaki atakaa kwa mwenye faili."

Hapo ndipo wazazi walipoelewa kwamba hakuna aliyeshinda. Miezi sita ya ukarimu ikayeyuka. Bwana Kassimu alisema cheti cha kuzaliwa kinasema Sabra, na lililoandikwa ni hilo. Bi Zakia alisema cheti hakikuamka usiku kunyonyesha. Bwana Kassimu akasema kwamba angalau yeye siku ya kutembelewa alimwachia mtu kwa moyo mweupe. Bi Zakia akauliza alimwachia nani, ikiwa yeye ndiye aliyemwachia. Waliangaliana, wakahesabu, kisha wote wawili wakamgeukia mtoto.

"Ulisema mnakula," Bi Zakia alimwambia, sauti ikiwa imepungua. "Ulisema amefika."

"Nilikula kwa kina Hidaya, mama."

Bwana Kassimu alivua kofia, akaitazama ndani kama kuna kitu alichokiandika humo, akaivaa tena. Kishambaa kikawatoka wote wawili, haraka na chini chini, kila mmoja akianza upya lile lile la kwamba mwenzake angepiga simu, na sauti zikaanza kupanda kama zilivyokuwa zikipanda nyuma ya ukuta wa fito. Bwana Mika hakuelewa neno, lakini alishika meza yake kwa mikono miwili. Ilikuwa imetengenezwa juzi.

Kisha, kwa kuwa hakuwa na kisanduku wala neno la Kishambaa, akafanya jambo ambalo utaratibu haukumtuma na ambalo mpaka siku ile halikuwa limefanywa na mtu yeyote.

"Na wewe, binti," alisema, "unataka nini?"

Kengele alifungua mdomo. Alikuwa na majibu kwa ajili ya swali lolote ambalo mtu mzima anaweza kumuuliza mtoto: majibu ya kamati ya nidhamu, majibu ya matroni, majibu ya kutoka kwenye foleni ya chakula. Safari hii aliyaacha yote. Baba na mama walikuwa bado wamesimama kulia na kushoto, kama walivyopangwa.

"Siku ya kutembelewa waje wote wawili," alisema. "Na wasigombane mpaka nimalize kula."

Bwana Mika akangoja kama kuna zaidi. Hapakuwa na zaidi. Akachukua karatasi mpya, akaandika kila alichokisikia, neno kwa neno, kwa mwandiko wake mzuri: *Siku ya kutembelewa wazazi wote wawili watafika. Hawatagombana mpaka mtoto amalize kula.* Akaigeuza karatasi wasome. Bwana Kassimu akasaini. Bi Zakia alitaka kuongeza kifungu, akamtazama bintiye, akasaini. Muhuri ukashuka. Kuhusu mafaili, Bwana Mika alisema ataandika makao makuu kuomba mwongozo, na mpaka utakapokuja watoto wote wawili waendelee kama walivyokuwa, wakae kwa baba na wakae kwa mama. Aliyekuwa akimtazama usoni angeweza kuona kwamba hana haraka ya kuituma barua hiyo.

Jumapili ya kutembelewa ya mwezi wa kumi jua lilitoka mapema. Saa nne na nusu walipanda kilima, si pamoja, ila wakiwa wameachana hatua kama thelathini, mama mbele na hotipoti la pilau, baba nyuma na mfuko wa peasi na kipande cha jibini. Walitandika khanga. Walikaa pembeni, kila mmoja ncha yake, na Kengele katikati akiwa na sahani.

Alipomaliza kijiko cha nne, Bi Zakia akavuta pumzi na kuanza kwamba hivi lile suala la vyombo vilivyobaki Irente. Bwana Kassimu aliinua kidole kimoja, akaonyesha sahani ya mtoto. Bi Zakia akaitazama sahani, akafunga mdomo, akamenya peasi. Baada ya muda akakata nusu, na kwa kuwa hapakuwa na pengine pa kuiweka, akaisogeza upande wa yule mtu. Mtu yule akaila. Wakazungumza kuhusu mvua za vuli, kama zitawahi. Wakazungumza kuhusu mwalimu wa hesabu. Kuna wakati Bwana Kassimu alisema kitu kuhusu bei ya uzi na Bi Zakia akacheka, akajishika, akatazama pembeni.

Saa saba familia nyingine zilikuwa zinafunga vikapu. Kina Hidaya waliaga. Matroni alipita mara mbili, na mara ya pili akasimama, akauliza huyu mtoto ana nini leo, mbona sahani haishi, anaumwa?

"Haumwi," Bwana Kassimu alisema. "Muache ale."

Saa tisa alikuwa amebakiza paja moja la kuku na pilau ya kama vijiko sita. Kengele alilitazama lile paja kwa uangalifu mkubwa. Akalichambua vipande vidogo vidogo, akavipanga kwenye ukingo wa sahani, akachukua cha kwanza, akaanza kutafuna.